Biashara au Kamari? Soko Lililokufa na Mgodi Uliobaki



Ukija kwetu Kendwa, huku kaskazini ya Unguja, shuka ufukweni wakati vyombo vinaporejea kutoka baharini. Usizitazame hoteli wala wageni wanaoota jua, watazame wavuvi. Samaki hushushwa, hupangwa mchangani, na dalali huanza kunadi. Mnunuzi huinama, akatazama macho ya samaki, akafunua matamvua aone kama bado ni mekundu, akamnyanyua kukadiria uzito wake, ndipo akataja bei. Akizidiwa na mwenziwe huondoka. Akipata hulipa na kuchukua. Mambo yote yamekwisha pale pale, mchana kweupe, mbele za watu.

Sasa jaalia kwamba dalali yule asingoje vyombo virudi. Asimame alfajiri, mashua ndiyo kwanza zinatweka tanga, aseme: "Nani atanunua samaki watakaovuliwa leo?" Mtu mmoja akanunua, na kabla ya adhuhuri akamuuzia mwengine kwa bei ya juu, na yule akamuuzia wa tatu, hata ilipofika alasiri samaki wale wamekwisha kupita katika mikono ya watu kumi, nao wangali wanaogelea. Je, hiyo ni biashara au ni kamari?

Swali hili sikulizua kwa kupenda mabishano. Hivi karibuni kijana mmoja katika jamaa zetu alinijia baada ya sala ya Isha. Kijana huyu ana fungu lake katika mashua, yeye na nduguye; na mama yake ana vikuku vya dhahabu alivyoachiwa na bibi yake. Akaniambia kuwa amefundishwa, kwa simu yake ya mkononi, namna ya kununua hisa za migodi ya dhahabu ya nchi za mbali, na ameonyeshwa kuwa bei zake zinapanda kila siku. Alitaka kuuza fungu lake la mashua, na mama yake alikuwa radhi kuvitoa vikuku. "Ami," akasema, "si dhahabu kwa dhahabu hii? Waonaje?"

Sikumjibu usiku ule. Nilimwambia nitamhadithia kwanza habari ya mji mmoja, kisha yeye mwenyewe atatafuta jawabu. Habari hiyo ndiyo nikuhadithiayo na wewe, msomaji, kwani huenda nyumbani kwako pia yumo kijana wa namna hii, na vimo vikuku vya namna hii.

Dhahabu ya wazee wetu

Kwanza yafaa ifahamike kwamba sisi watu wa pwani dhahabu si ngeni kwetu. Mamia ya miaka iliyopita, dhahabu ya nyanda za juu za Zimbabwe iliteremshwa mpaka Sofala, na kutoka Sofala ikapakiwa vyomboni kuja Kilwa. Ibn Battuta alipofika Kilwa mwaka 1331 aliukuta mji wenye neema, na Sultani wake, Hasan bin Suleiman, akisifika kwa ukarimu. Neema ile kwa sehemu kubwa ilitokana na biashara ya dhahabu.

Lakini tazama biashara yenyewe ilivyokuwa. Dhahabu ilipimwa kwa mithkali mbele ya muuzaji na mnunuzi. Huyu alitoa nguo na shanga, na yule alitoa dhahabu. Sisemi kuwa wafanya biashara wa zama zile walikuwa malaika. Mwenye mizani mbovu hakosekani katika zama zo zote. Nisemalo ni kuwa kilichouzwa kilikuwapo, kikaonekana, kikashikwa. Na sheria yetu imekazania jambo hili: dhahabu ikibadilishwa kwa fedha, au dhahabu kwa dhahabu, itolewe na ipokewe papo kwa papo, asiondoke mmoja na mali na mwenziwe akaondoka na ahadi.

Basi kumbuka hayo, kwani mji nitakaouhadithia nao uliishi kwa dhahabu, lakini si kwa njia ya Kilwa.

Mji uliozaliwa kwa usiku mmoja

Mji huo unaitwa Barberton. Uko Afrika ya Kusini, upande wa mashariki, karibu na mpaka wa Eswatini, katika nchi iliyokuwa ikiitwa Transvaal na kutawaliwa na Makaburu. Mwaka 1884 mtu mmoja jina lake Graham Barber, pamoja na jamaa zake, aligundua dhahabu katika mawe ya milima ile, na mji ukapewa jina lao. Mwaka uliofuata, 1885, Edwin Bray akagundua mwamba mwengine tajiri zaidi katika kilima cha Sheba. Sheba ndiyo Sabaa, nchi ya Malkia Bilqis ambaye habari yake na Nabii Suleiman sote twaijua. Wazungu wa wakati ule walipenda kudhani kuwa hazina za kale zilitoka pande zile, na jina peke yake lilitosha kuzitia nyoyo zao wazimu.

Ama dhahabu ya Sheba ilikuwapo kweli. Mawe yake yalipopondwa yalitoa dhahabu kwa wingi usio wa kawaida. Habari zikaenea, na watu wakamiminika kutoka kila upande. Wengine walishuka katika ghuba ya Delagoa, ambako leo ni mji wa Maputo, wakakata nchi ya mbu na malaria mpaka kufika milimani, na wengi walikufa kwa homa kabla ya kuliona jiwe. Pahali palipokuwa na mahema, katika muda wa miaka miwili pakawa na hoteli, vilabu vya pombe na nyumba za michezo. Na zaidi ya hayo, mji ule mdogo ulikuwa na masoko ya hisa, na si moja, bali mawili. Soko la hisa la De Kaap, kwa jina la bonde lile, lilikuwa ndilo la kwanza katika nchi nzima ya Transvaal.

Hisa za kampuni ya Sheba, zilizoanza kwa pauni 1 kila moja, zilipanda katika mwaka mmoja hata zikapita pauni 100. Mwenye kununua hisa kumi mwanzo wa mwaka alikuwa tajiri mwisho wa mwaka, wala hakushika sururu. Ni nani atakayeisikia habari kama hiyo asishawishike?

Namna karatasi zilivyouzwa

Hapa hapana budi tueleze hisa ni nini, ili tusihukumu kitu tusichokijua. Kuchimba dhahabu ndani ya mwamba si kazi ya mtu mmoja. Yatakiwa mashimo marefu, baruti, mashine za kuponda mawe, na watu wa kulipwa mishahara kwa miezi mingi kabla ya dhahabu kutoka. Kwa hiyo watu hukusanya fedha zao, kila mtu akatia fungu, na karatasi ya hisa ikawa ni ushahidi wa fungu lake. Dhahabu ikipatikana watagawana faida; isipopatikana watagawana hasara. Hapana ubaya katika jambo hilo. Ni ushirika, na ushirika sheria yetu inaujua tangu zamani. Wanavyuoni wa zama hizi walipokutana Jeddah mwaka 1992, katika Baraza la Fiqhi la nchi za Kiislamu, waliafiki kuwa kampuni ya hisa yenye kazi ya halali na shughuli za halali inajuzu.

Lakini jambo jema likishaonekana lina faida, haliachi kuigwa na wenye hila. Baada ya Sheba, kila kilima cha bonde lile kikawa na kampuni. Mtu alijiandikishia kipande cha mlima, pengine hajakichimba hata dhiraa moja, kisha huunda kampuni ya kukinunua kipande kile, na mwenye kuuza na mwenye kuunda kampuni akawa ni yeye yule mmoja. Alijikadiria mwenyewe bei ya mali yake mwenyewe, akajilipa kwa fedha za wanunuzi na kwa hisa juu yake. Hisa zile zikapelekwa sokoni, na nyengine zikavuka bahari mpaka London, zikanunuliwa na watu ambao hawakuwahi kuiona Afrika ila katika ramani. Aliyenunua kule hakuwa na macho ya kutazama wala matamvua ya kufunua. Alichonunua ni jina la kilima na maneno matamu ya tangazo. Wahenga walisema: chema chajiuza, kibaya chajitembeza.

Na masoko ya namna hii hayaishi kuwa na watu wa hila nyengine, wanaonunua na kuuziana wao kwa wao ili bei ionekane inapanda, hata mtu wa nje akaona: "Hii inakimbia, nami nisiachwe." Hila hiyo katika sheria yetu ina jina lake: najshi. Ni mtu kuongeza bei katika mnada naye hana nia ya kununua, ila kumghuri mwenziwe. Mtume (S.A.W.) aliikataza. Mvuvi wa Kendwa asiyejua kusoma anaijua najshi. Akimwona shoga wa dalali anapandisha bei ya mtungo ambao hatauchukua, husonya na kuondoka. Lakini katika soko la karatasi, najshi haina uso wa kuonekana.

Anguko

Usikate mbeleko na mtoto hajazaliwa, walisema wazee. Barberton mbeleko zilikatwa nyingi, na watoto wakazaliwa wachache. Ilipofika mwaka 1887 wenye hisa walianza kuuliza: iko wapi dhahabu? Ikaonekana kuwa migodi yenye mali ya kweli ilikuwa michache mno, na kampuni nyingi hazikuwa na kitu zaidi ya shimo, na nyengine hata shimo hazina. Bei zikaporomoka. Yule aliyetaka kuuza hakupata wa kumuuzia, kwani kila mtu alikuwa muuzaji.

Wakati huo huo, upande wa magharibi, katika Witwatersrand, kulikuwa kumegunduliwa dhahabu nyengine mwaka 1886, na mji wa Johannesburg ukaanza kuchipua. Mwezi wa Novemba mwaka 1887 wakafungua soko la hisa huko, ambalo lipo mpaka leo. Madalali wa Barberton wakafunga mizigo yao na kuhamia kule. Soko la hisa likanyamaza. Uso wa jengo lake ungali umesimama, umehifadhiwa kama kumbukumbu, na wageni huenda kuupiga picha. Karibu na mgodi wa Sheba palikuwa na mji mdogo ukiitwa Eureka, wenye maduka na uwanja wa mbio za farasi. Leo ni magofu. Mbio za sakafuni huishia ukingoni.

Waliofilisika walikuwa kina nani? Si wale walioanzisha kampuni za uongo. Wengi wao walikuwa wamekwisha kuuza. Waliofilisika ni wale waliokuja mwisho. Wenye akiba ndogo ndogo, walioisikia habari ya utajiri ilipokwisha kuwa kuu, hata ikawafikia wao.

Mgodi uliobaki

Sasa nakuomba, msomaji, utulie kidogo hapa, kwani hapa ndipo palipo na funzo ambalo wengi hulipita.

Mtu akisikia habari hii husema: "Walidanganywa, hapakuwa na dhahabu." Sivyo. Dhahabu ilikuwapo. Mgodi wa Sheba, ule wa Edwin Bray, haukufa pamoja na soko. Umeendelea kuchimbwa, na hata katika karne hii ya 21, zaidi ya miaka 130 baada ya kugunduliwa, umekuwa ukitoa dhahabu. Jirani yake, mgodi wa Fairview, una mawe ambayo dhahabu yake imenaswa ndani hata haitoki kwa kuponda wala kwa dawa za kawaida. Mwaka 1986, baada ya kama miaka mia, mafundi wakaanza kutumia vijidudu vidogo visivyoonekana kwa macho, vinavyokula madini yaliyoifunika dhahabu mpaka ikaachia. Hebu tazama: Mola aliweka riziki katika mlima ule ya kuwatosha vizazi kwa vizazi, kwa wenye kusubiri na kufanya kazi; na watu wakagombana juu yake kwa miaka miwili, mitatu, wakaondoka wakisema hapana kitu.

Basi kilichokufa ni nini? Sicho kilichokuwa ardhini. Kilichokufa ni ile bei. Na bei ile, ilipofika pauni 100, haikuwa tena bei ya dhahabu. Ilikuwa ni bei ya tumaini la mtu kwamba kesho atatokea mwengine wa kulipa pauni 110. Mnunuzi wa kwanza, wa pauni 1, alikuwa anaungoja mgodi. Mnunuzi wa mwisho alikuwa anamngoja mjinga. Na karatasi mikononi mwao ni ile ile moja.

Hivyo jawabu la swali letu halimo katika karatasi. Watu wawili huweza kununua hisa ya kampuni moja, siku moja, kwa bei moja, na mmoja wao akawa mshirika na wa pili mcheza kamari.

Hatari si haramu

Huenda mtu akauliza: "Kwani biashara gani isiyo na hatari? Na mvuvi hajui atarudi na nini." Ni kweli, na swali hili ni la haki. Tulijibu.

Kwetu vyombo vinapokwenda baharini, mapato hugawanywa kwa mafungu. Chombo kina fungu lake, nyavu zina fungu lake, nahodha na wavuvi wana mafungu yao. Bahari ikitoa, kila mtu hupata kwa kadiri yake. Bahari ikinyima, wote hurudi mikono mitupu. Mwenye mashua hakupata, na mvuvi hakupata, wala hapana aliyejaza mfuko kwa kukosa kwa mwenziwe. Hatari ipo, tena kubwa, maana mtu huenda akapoteza roho yake. Lakini ni hatari inayobebwa kwa pamoja, mbele ya Mungu, na wote wanajua wanaloliendea.

Ama yule dalali wa alfajiri, anayeuza samaki walio majini, yeye hakubeba hatari. Ameiuza. Faida ameichukua leo, na hatari amempa mtu wa kumi asiyemjua. Ndiyo maana wanavyuoni, wanapoeleza biashara ya gharari iliyokatazwa, hupiga mfano wa samaki aliye baharini na ndege aliye hewani. Na ndiyo maana sheria imekataza kuuza matunda mtini kabla hayajaonekana kuwa yatakomaa. Kisiwa chetu kinaijua hekima ya katazo hilo. Mwezi wa Aprili mwaka 1872, zama za Sayyid Barghash, tufani kubwa iliipiga Unguja na kuangusha mikarafuu mingi mno, na Pemba ikasalimika. Mashamba yaliyokuwa ni fahari ya watu yakawa kuni. Kabla ya hapo wenye mashamba wengi walikuwa wamekwisha kuyatia rehani kwa matajiri wa mjini, wakila leo karafuu za miaka ijayo. Upepo wa siku moja ukaondoka na miti, lakini deni halikuondoka.

Basi hatari si haramu. Kuepuka hatari kabisa ni kulala nyumbani na kufa njaa. Kilicho haramu ni kumtwika hatari mwenzio naye haioni, nawe unaiona. Au mwaiona nyote kuwa mmoja wenu lazima aumie, na kila mmoja anatumai hatakuwa yeye.

Ungamo la mwandishi

Hapa kijana wangu alinikatiza. "Lakini Ami," akasema, "aliyenunua alinunua kwa hiari yake. Hakulazimishwa. Na mimi nikiuza mapema nikapata faida, nimemdhulumu nani? Yule simjui hata jina."

Maneno haya yalinichoma, kwani ni maneno niliyoyasema mimi mwenyewe zamani. Nitakwambia, msomaji, jambo nisilopenda kulisema.

Nilipokuwa kijana, mtu aliniuzia karatasi ya kiwanja. Kiwanja chenyewe sikukiona. Niliambiwa tu kuwa upande ule unapanda bei. Nilikaa na karatasi ile siku arubaini hivi, kisha nikamuuzia mtu mwengine, nikapata faida ya kutosha kuezeka nyumba yangu bati. Nilimshukuru Mungu, nikaiita faida ile riziki. Yule naye akaiuza, na aliyenunua kwake akaiuza. Baada ya miaka nikajua kwamba kiwanja kile ni cha bondeni, maji ya bahari hukifunika kila bamvua, wala hakijengeki. Na nikajua karatasi iliishia kwa nani. Iliishia kwa mtu ninayesimama naye safu moja msikitini, aliyeinunua kwa kiinua mgongo chake, ili awajengee wanawe.

Yeye hajui kuwa karatasi ile ilipita mkononi mwangu. Mimi sikusema uongo hata neno moja siku nilipouza. Sikuficha aibu ya kiwanja, kwani sikuijua. Lakini kwa nini sikuijua? Kwa sababu sikutaka kwenda kutazama. Kiwanja hakikuwa na maana kwangu. Nilichotaka ni mtu wa kukichukua. Na katika mlolongo ule wa watu wanne, watano, wote waungwana, wote wenye kusali, hakuna aliyeiba, na mtu mmoja ameibiwa. Kila mmoja wetu alichukua kipande kidogo cha kiinua mgongo cha mtu yule, akasema ni faida.

Nimeuliza kwa wanaojua. Nimeambiwa kuwa kwa hukumu ya nje pengine silazimiki, kwani niliuza nilichonunua, lakini moyo wangu niuulize mwenyewe. Nimeuuliza. Mvua inaponyesha usiku na bati likalia, sipati usingizi mzuri. Nimeazimia kumwendea na kumrudishia ile faida niliyoila, na kumwambia kwa nini. Nimechelewa miaka mingi, na kwa kuchelewa huko sina udhuru.

Maswali matatu

Basi si kila hisa ni kamari, wala si kila anayeuza kwa faida ni mwizi. Biashara ni kupata faida, na Mtume wetu (S.A.W.) mwenyewe alifanya biashara. Lakini kabla hujatoa mali yako, au mali ya mama yako, jiulize mambo matatu:

Kwanza: ninakijua ninachokinunua? Si jina lake wala bei yake ya jana, kazi yake. Ni nani anayechimba, anachimba wapi, na faida inatoka katika nini? Ukiona jawabu pekee ulilonalo ni "bei inapanda," basi hujakijua.

Pili: kama kuanzia leo asingepatikana mtu wa kumuuzia, ningeridhika kukaa nacho na kula matunda yake? Mwenye fungu katika mashua hujibu naam, kwani mashua itakwenda baharini kesho. Ukijibu hapana, basi wewe hukununua mgodi. Umemnunua mtu atakayekuja baada yako.

Tatu: huyo atakayenunua kwangu, naweza kumkalisha kitako nikamweleza kila ninachokijua na kila nisichokijua, naye akaridhika kununua? Kama unahofu kuwa ukisema kweli hatonunua, basi faida yako ni ile kweli uliyoificha.

Nilimwambia kijana wangu maswali haya matatu. La kwanza alilijibu nusu. La pili alinyamaza. La tatu akacheka kidogo, kisha akaacha kucheka. Akaaga akaenda zake.

Baada ya siku chache nilishuka ufukweni asubuhi. Niliiona mashua yao inasukumwa majini, naye yumo, kiunoni mwa maji, pamoja na nduguye. Fungu lake hakuliuza. Akiba yake ndogo, nimesikia, ameitia katika zile hisa za simuni, kwani ujana una haki yake ya kujaribu, na mali ile ni yake mwenyewe. Lakini mama yake alipopita na ndoo kwenda kungojea samaki wa kitoweo, vikuku vilikuwa mkononi mwake.

Tunamuomba Mwenyezi Mungu atupe riziki ya halali, atukinge na tamaa inayotupofua macho ya wenzetu, na atuwezeshe kurudisha tulichochukua kabla ya Siku ambayo hapatakuwa na kurudishiana. Amin.